Jiwe la Katanga na Moto wa Hiroshima



Mwezi uliopita, baada ya darasa la Alasiri katika madrasa yetu hapa Bunju, kijana mmoja wa darasa la wakubwa alituuliza mbele ya wenzake: "Maalim, mbona sisi hatuna bomu la atomiki? Mwenye bomu lile haonewi." Wengine wakacheka, wengine wakatikisa vichwa kumwunga mkono. Tulipomdadisi tukajua kwamba usiku wa jana yake alikuwa ameona katika simu picha za watoto waliouawa vitani Gaza, na hakupata usingizi.

Swali litokalo katika uchungu kama huo halijibiwi kwa karipio. Tena sisi wenyewe siku ile tulilijua jina la bomu tu, wala hatukujua umbo lake wala kazi yake, na si halali mwalimu kutoa hukumu katika jambo asilolijua. Basi tulimwomba angoje. Tukasoma, tukawauliza wajuao, na haya tuyaandikayo ndiyo jawabu lake. Tumeona yafaa wazazi na vijana wengine nao wayasome.

Jiwe lilikotoka

Wengi wetu twadhani bomu hili ni shauri la Wamarekani na Wajapani, halituhusu. Sivyo. Madini yaliyofanyizwa bomu la kwanza kuangushwa juu ya mji yalitoka kwa sehemu kubwa katika ardhi ya Afrika, kwa watu wasemao Kiswahili kama sisi. Mahali penyewe paitwa Shinkolobwe, katika Katanga, karibu na mji wa Likasi, nchi ya Kongo.

Madini hayo yaligunduliwa huko mwaka 1915, na kampuni ya Kibelgiji iitwayo Union Minière ikayachimba. Hapo kwanza kilichotakiwa ni radi ya kutibia wagonjwa. Urani, iliyo jamaa yake, haikuwa na thamani kubwa. Mwaka 1940, vita vilipokwisha kuingia Ubelgiji, mkuu wa kampuni hiyo, Edgar Sengier, alipeleka New York tani 1,200 hivi za mawe hayo, yakawekwa ghalani. Mwaka 1942 jeshi la Marekani likayanunua. Wataalamu walistaajabu, kwani baadhi ya mawe ya Shinkolobwe yalikuwa na urani zaidi ya nusu yake, hali mawe mengi ya nchi nyingine hayakufikia hata sehemu moja katika mia. Shughuli yote ilikuwa siri kubwa. Wachimbaji wa Katanga waliyapasua na kuyachambua mawe hayo kwa mikono yao bila kujua yaendako.

Bomu lilivyo

Kila kitu kimefanyizwa kwa chembe ndogo mno ziitwazo atomu, na ndani ya kila atomu mna kiini. Iko aina ya urani, nayo ni kama sehemu saba tu katika elfu, ambayo kiini chake hupasuka kikigongwa na chembe iitwayo nyutroni. Kikipasuka hutoa nguvu kubwa, na tena hutoa nyutroni mbili au tatu, nazo huenda zikapasua viini vingine. Mfano wake ni fitina mtaani: mmoja huwaambia wawili, wawili huwaambia wanne, wanne huwaambia wanane, na kabla ya jua kuchwa mtaa mzima umewaka. Walakini ndani ya bomu kazi hiyo yote hutimia kwa muda mfupi kuliko kupepesa jicho.

Kipande cha urani kikiwa kidogo, nyutroni hutoka nje zikapotea. Kikifikia kiasi fulani, hulipuka. Kwa hiyo bomu la Hiroshima lilitengenezwa mfano wa bunduki. Sehemu mbili za urani ziliwekwa mbalimbali ndani ya chuma, kisha moja ikafyatuliwa kwa baruti ikakutana na nyingine. Bomu zima lilikuwa na urefu wa mita 3 na uzito wa kilo 4,400. Urani iliyokuwamo ni kilo 64 hivi, na katika hizo haikupasuka hata kilo moja kamili. Walakini nguvu yake ilikuwa sawa na tani 15,000 za baruti kali. Mtu akitaka kuipakia baruti hiyo katika malori ya tani 30 tuyaonayo yakipita barabara ya Bagamoyo, angehitaji malori 500.

Bomu la Nagasaki lilikuwa la namna nyingine. Ndani yake mlikuwa na tufe la plutoni la kilo 6 hivi, kiasi cha chungwa kubwa, lililozungushiwa baruti pande zote. Baruti ilipowaka kwa pamoja ililibana tufe likalipuka kwa nguvu ya tani 21,000.

Lililotendeka

Hiroshima ilipigwa tarehe 6 Agosti 1945, saa mbili na robo asubuhi, watu wakienda kazini. Bomu lililipuka hewani, mita 600 hivi juu ya mji. Kwanza ulikuja mwanga na joto. Watu waliokuwa mbali zaidi ya kilomita 2 waliungua ngozi. Pili ukaja upepo wa mlipuko, ukabwaga nyumba. Kisha mioto ikaungana, ikateketeza kiasi cha kilomita 11 za mraba. Tatu ilikuja mionzi, nayo haionekani wala haina harufu. Watu walioonekana wazima walianza kunyonyoka nywele na kutoka damu, wakafa baada ya siku au majuma. Madaktari na wauguzi wengi wa mji walikuwa wamekufa au kujeruhiwa, hata aliyepona hakupata wa kumfunga kidonda. Mpaka mwisho wa mwaka ule watu wapatao 140,000 walikuwa wamekufa. Nagasaki, iliyopigwa tarehe 9 Agosti, ilipoteza watu 74,000 hivi.

Alikuwako mtoto wa kike wa miaka miwili, Sadako Sasaki, aliyeokoka siku ile bila jeraha. Akakua, akaenda shule, akawa hodari wa kukimbia. Mwaka 1955, akiwa na miaka 12, alikufa kwa saratani ya damu. Hivyo bomu lililolipuka mara moja lilikuwa bado linaua baada ya miaka kumi.

Tupime kwa ardhi yetu

Wakazi wa Dar es Salaam hawana haja ya kuhadithiwa hofu ya mabomu. Tarehe 29 Aprili 2009 ghala la silaha lililipuka Mbagala, na tarehe 16 Februari 2011 likalipuka jingine Gongo la Mboto. Watu walikufa, mamia wakajeruhiwa, nyumba zikabomoka, watoto wakapotezana na wazazi wao usiku. Na yale yalikuwa mabomu ya kawaida.

Lau bomu la kiasi cha Hiroshima lingelipuka juu ya madrasa yetu, mtoto aliyekwisha kutembea dakika ishirini kwenda kwao bado angekuwa ndani ya duara la maangamizi. Na hilo huhesabiwa leo kuwa bomu dogo. Mwaka 1954 Marekani ililipua katika kisiwa cha Bikini bomu la haidrojeni, ambalo hutumia bomu la atomiki kama kiberiti tu, na nguvu yake ilikuwa mara elfu ya lile la Hiroshima. Bomu likizidi mara elfu, upepo wake hufika mbali mara kumi, nayo ardhi iharibiwayo huzidi mara mia. Basi Boko, Tegeta na Kunduchi zote zingekuwa ndani ya duara hilo. Majivu yake yaliwaangukia wavuvi 23 wa Kijapani waliokuwa baharini mbali wakitafuta riziki. Wote wakaugua, na mmoja akafa mwaka ule ule. Mwaka 1961 Urusi ya Kisovieti ililipua bomu lililozidi hilo mara tatu. Leo mataifa tisa yana mabomu ya nyuklia yapatayo 12,000.

Jawabu letu

Mwanangu uliyeuliza, hasira yako kwa ajili ya watoto wale ni hasira ya haki, wala hatukulaumu. Lakini tazama bomu hilo humwua nani. Mtume wetu (S.A.W.) alikataza kuua wanawake na watoto vitani, na Sayyidna Abubakar (R.A.) aliwausia majeshi yake wasiue wazee wala wasikate miti yenye matunda. Bomu hili halimjui askari wala mama anyonyeshaye. Wako wasemao kwamba lilikatisha vita, na hoja hiyo hatuidharau, kwani wazee wetu wa K.A.R. nao walipigana na Wajapani huko Burma. Lakini faida ya vita haimgeuzi mtoto wa miaka miwili kuwa askari.

Wasema mwenye bomu haonewi. Pakistan, nchi ya Kiislamu, ililipua mabomu yake mwezi wa Mei 1998, siku chache baada ya India. Tangu hapo kila mmoja amweka mwenzake katika hofu, na katika hofu hiyo wamo watoto wa pande zote mbili. Afrika Kusini ilitengeneza mabomu sita, kisha ikayavunja yote, na mwaka 1993 ikautangazia ulimwengu. Ufaransa ilipolipua bomu lake katika Sahara ya Algeria, nchi ya Waislamu, tarehe 13 Februari 1960, Ghana ya Kwame Nkrumah ilipinga waziwazi, wala haikuwa na bomu. Na mwaka 1996 mataifa ya Afrika yalitia saini Cairo mkataba wa Pelindaba, kwamba bara hili lisiwe na silaha hizo. Ukaanza kutumika mwaka 2009.

Tulipokwisha kumweleza hayo, kijana alinyamaza kitambo, kisha akauliza: "Na wale wachimbaji wa Katanga, nao watahesabiwa, Maalim?"

Tulimjibu kwamba amali huhesabiwa kwa nia, na asiyejua hawi sawa na ajuaye. Wale walitafuta chakula cha watoto wao, nao walidhulumiwa kwa kufichwa. Lakini sisi tumekwisha kujua. Urani imo katika ardhi yetu pia, huko Mto Mkuju, wilaya ya Namtumbo, na watoto wetu wa leo huenda ndio watakaokuwa wachimbaji, wahandisi na watu wa serikali juu yake. Madini hayo huweza kuwasha taa za nyumba, na huweza kuteketeza mji. Atakayeitwa kuyachimba au kuyauza, na aulize yaendako.

Twamwomba Mwenyezi Mungu awarehemu watoto waliouawa kwa dhulma kila mahali, na awape vijana wetu elimu yenye huruma ndani yake. Amin.