Mo Amin alianza na kamera ya kisanduku, wewe unangoja nini?

Pita Ndia Kuu jioni, kutoka Fort Jesus mpaka Bandari ya Kale, uhesabu simu zilizoinuliwa. Milango ya nakshi, mzee wa kahawa tungu, paka kwenye baraza. Kila mtu anapiga video. Lakini muulize kijana mmoja mbona hajaanza kazi yenyewe, atakwambia: "Bado sina kamera."

Haya, kutana na Mohamed Amin, maarufu kama Mo. Alizaliwa Nairobi 1943, familia yenye asili ya Punjab, baba mtu wa reli. Reli ile ile iliyoanza kujengwa hapa Mombasa 1896. Akiwa bado mwanafunzi Dar es Salaam alianza na Box Brownie, kamera ya kisanduku ya bei rahisi. Kufikia 1963, hata miaka 21 hajafika, alishafungua kampuni yake, Camerapix.

Sasa ufundi wake. Tafuta video ya Korem, Ethiopia, aliyopiga Oktoba 1984 akiwa na Michael Buerk wa BBC. Ni alfajiri, baridi, watu wamejaa uwanda mzima. Kamera haina haraka. Inapita polepole juu ya umati, halafu inatua kwa uso mmoja na kukaa hapo, mpaka wewe ndiye unageuza macho. Hakuna mbwembwe. Dunia iliona, michango ikamiminika, na Julai 1985 ikaja tamasha la Live Aid.

Kuna wanaosema picha zile zilimwacha Mwafrika akijulikana kwa njaa tu. Wana hoja. Ila usisahau Mo huyo huyo alipiga picha za mahujaji Makka, na mwaka 1982 kikatoka kitabu chake cha picha za safari ndani ya Pakistan. Hakujifunga kwa stori moja.

1991, ghala la silaha lililipuka Addis Ababa, akapoteza mkono wa kushoto. Akawekewa wa bandia, akarudi kazini. Novemba 23, 1996, ndege ya Ethiopia aliyokuwa amepanda ilitekwa, ikaishiwa mafuta na kuanguka baharini karibu na Komoro. Mo alikuwa miongoni mwa waliokufa. Alikuwa na miaka 53.

Simu yako inashinda ile Box Brownie mbali sana. Kitu cha kuiga kwa Mo ni kukaa na mtu. Yule mama wa buibui uliyempiga juzi akipita uchochoroni, ulimwomba ruhusa? Unajua jina lake? Mvuvi pale bandarini, umewahi kumngojea arudi na samaki, ama ulichukua sekunde tano ukaenda zako?

Kesho chagua mtu mmoja Mji wa Kale. Msalimie, mwombe ruhusa, kaa naye asubuhi nzima. Akikubali, ndipo utoe simu. Na mkono usitetemeke.