Boksi lilikumbuka ufunguo wa gari lingine, hasara ikawa yangu

Leo nawapa somo ambalo mimi nimelilipia ada.

Nauza vipuri vya magari vilivyotumika hapa Mwanjelwa, Mbeya, na wateja wengi nawapata mtandaoni. Mwaka jana kaka mmoja wa Iringa aliniandikia: "Boss, kontroli boksi ya Toyota unayo?" Nikajibu ninayo. Picha moja, akalipa 180,000, usiku uleule mzigo uko kwenye basi.

Kesho yake simu. Stata inapiga, gari haiwaki, taa ya ufunguo kwenye dashibodi inapepesa. Nikasema fundi wake hajui kazi. Fundi akachukua simu: "Mdogo wangu, boksi lako ni zima. Ila limetoka kwenye gari yenye imobilaiza, linasubiri ufunguo wake wa zamani."

Alikuwa sahihi. Gari ile ni teksi, ililala siku tatu. Nikarudisha hela yote na nauli ya mzigo.

Siku hizi nafanya hivi:

1. Namba kabla ya bei. Boksi la injini ya Toyota, namba kwenye lebo huanzia 89661. Mteja atume picha ya lebo yake, tulinganishe mpaka mwisho. IST ya NCP60 ina injini ya 2NZ, ya NCP61 ina 1NZ. Kwa nje gari ni moja, boksi siyo.

2. Uliza imobilaiza. Kama boksi lina kumbukumbu ya ufunguo, uza pamoja na ufunguo na kifaa chake, au lipelekwe kwa fundi mwenye mashine aliprogramu upya. Gharama hiyo itaje mapema.

3. Waya kwanza. Panya akila waya, au ethi ikishika kutu, boksi linasingiziwa. Na kama koili yenye shoti ndiyo iliyoua boksi la kwanza, itaua na lako. Fundi apime kwanza.

4. Mkumbushe fundi atoe waya wa hasi wa betri kabla ya kuchomoa soketi.

5. Weka alama yako ya siri kwenye boksi. Likirudi ujue ni lilelile.

Maswali yananipotezea wateja wenye haraka, sikatai. Lakini mizigo ya kurudishwa imepungua sana. Na yule kaka wa Iringa? Mwezi huu kaniletea mteja.

Wewe unauza nini, na swali gani huwa unasahau kumuuliza mteja?