Beki wa mwisho aliyeshika kipenga

Fainali ya ligi kuu ya raga ya Australia, NRL, mwaka 2002 ilikuwa ya moto. Stacey Jones aliwapenya mabeki wa Sydney Roosters na kuwapa Warriors wa New Zealand uongozi wa 8-6. Kisha Richard Villasanti wa Warriors akamgonga kichwani nahodha wa Roosters, Brad Fittler, ambaye aliendelea kucheza damu ikimchuruzika usoni. Roosters wakapandisha mori, wakashinda 30-8. Beki wao wa mwisho alikuwa Luke Phillips. Refa alikuwa Bill Harrigan, aliyewahi kuwa polisi, asiyetetereka kwa kelele za jukwaani.

Miaka michache baadaye, Phillips akawa refa wa ligi hiyohiyo.

Mliozoea raga ya Kenya, ya wachezaji 15 au saba, hii ni nyingine. Ilijitenga mwaka 1895 huko Huddersfield, Uingereza, kwa ugomvi wa kuwafidia wachezaji ujira waliopoteza kwa kuacha vibarua ili wakacheze. Ina wachezaji 13. Timu ikishaangushwa mara sita inaachia mpira. Kila anayeangushwa husimama, akausukuma mpira nyuma kwa mguu, na wapinzani wanatakiwa wawe wamerudi mita 10.

Ujanja wote uko hapo chini. Aliyemwangusha mwenzake humlalia kidogo zaidi, mkono ukasahaulika kwenye mpira, goti likachelewa kutoka mgongoni. Anajifanya ananyanyuka, kumbe anawanunulia wenzake muda wa kujipanga. Aliyewahi kufanya hivyo haambiwi. Anajua goti lililochelewa kwa uchovu na lililochelewa kwa makusudi.

Phillips alikuwa na faida nyingine, kwa maoni yangu kubwa zaidi. Beki wa mwisho husimama nyuma ya ukuta wa wenzake akiupanga kwa kelele: wewe sogea, wewe ziba. Refa anayesimamia mita 10 huuona ukuta uleule kutoka karibu na upande uleule. Tofauti ni kwamba mchezaji huufuata mpira kwa macho, ilhali refa wakati mwingine lazima aupe mpira kisogo atazame miguu ya walioanza kukimbia mapema. Mazoea ya miaka mingi hayatoki kwa kusoma kitabu cha sheria.

Mwaka 2009 NRL ilianza kuchezesha kwa marefa wawili uwanjani, mmoja akiangalia walioanguka, mwenzake akilinda mita 10. Nafasi zikaongezeka. Henry Perenara, aliyewahi kuwachezea Warriors na Parramatta, naye alipita njia hiyo ya kutoka jezi hadi kipenga. Harrigan mwenyewe alirudi mwaka 2011 kama mmoja wa wakuu wa marefa.

Mashabiki hudai waamuzi wote wangekuwa wachezaji wastaafu mambo yangenyooka. Lakini si rahisi kuwapata. Mstaafu wa ligi kuu akitaka kipenga anarudi kuchezesha watoto na vijana, mzazi akimfokea kutoka pembeni, kwa malipo yasiyokaribia aliyoyazoea. Wengi huona heri kazi ya uchambuzi kwenye televisheni, ambako akikosea hakuna anayemrudishia picha mara tano.

Mwaka 2020 NRL ilimwondoa refa wa pili. Aliyebaki anaangalia goti na mita 10 peke yake.