Kwale, ubavu wa kusini wa bandari

Meli inapoingia bandari ya Kilindini, Mombasa, feri za Likoni husubiri. Mama na kapu lake la mihogo, hamali na mkokoteni wa madafu, mwanafunzi aliyekwisha kuchelewa, wote hutazama ukuta wa makontena ukipita taratibu mbele yao, kisha injini inanguruma tena. Kina cha mlango huo wa bahari ndicho kinachoipa Mombasa meli kubwa. Kina hichohicho, na milingoti inayohitaji kupita juu, ndivyo vilivyowakosesha watu wa kusini daraja la kawaida tangu feri zianze kuvusha hapo mwaka 1937. Kwa siku huvuka zaidi ya watu 300,000.

Lakini mpaka wa Mombasa na Kwale hauko majini. Uko nchi kavu, kusini mwa Likoni, na matatu za Ukunda huupita bila abiria kushtuka. Ndiyo maana naona ni makosa kuihesabu Kwale kuwa mashamba ya nyuma ya mji. Sensa ya 2019 ilikuta watu 154,171 Mvita, yaani kisiwani penyewe, na 250,358 Likoni. Mji ulikwisha kuvuka maji zamani, na sasa unafuata lami kwenda Ng'ombeni, Waa, Tiwi na Kombani.

Kaunti yenyewe ilikuwa na watu 866,820 mwaka huo, kutoka 649,931 mwaka 2009. Ni kama watu 105 kwa kilomita mraba, ila wastani huo unaficha mengi. Ufuoni kuna minazi, mikorosho na miembe ya Wadigo, vijiji vimeshikana, na Ukunda imefura kwa ajili ya hoteli za Diani: mpishi ametoka Kisumu, fundi ametoka Machakos, mwenye nyumba ya kupangisha ni mzaliwa. Kusini zaidi wapo Wamakonde, ambao wazee wao walitoka Msumbiji kufanya kazi kwenye mashamba ya mkonge na miwa. Mwaka 2016 walitembea kwa miguu kutoka Kwale kuelekea Ikulu, Nairobi, kudai uraia, na mwaka uliofuata wakaanza kupewa vitambulisho. Ukivuka vilima vya Shimba unaingia nyika ya Waduruma, Kinango na Samburu, ambako ng'ombe na mbuzi hutegemea silanga na mvua isiyoaminika. Huko nako bandari inapita: barabara kuu ya Nairobi inakatiza Samburu, Taru na Mackinnon Road, na malori ya makontena hayakomi usiku wala mchana.

Na maji, je? Chemchemi za Marere, ndani ya msitu wa Shimba, zimepeleka maji Mombasa kwa vizazi, na visima vya Tiwi vinanywesha pwani ya kusini pamoja na Likoni. Sasa Bwawa la Mwache linajengwa Kinango, hasa kwa ajili ya kiu ya Mombasa. Wakazi wa Kwale wamelalamika miaka mingi kwamba mabomba yanawapita, na wana haki. Eneo linalonywesha mji lina haki ya kukaa mezani mji unapopangwa.

Barabara ya Dongo Kundu imebadilisha mahesabu yote. Inatoka upande wa Miritini, inavuka maji kwa daraja la Mwache na lile la Mteza, lenye urefu wa karibu kilomita moja na nusu, halafu inatua Kibundani, ndani ya Kwale. Lori la kutoka Lunga Lunga, mpakani na Tanzania, linaweza kufika bandarini bila kuiona feri. Mtalii ashukaye treni Miritini anaweza kufika Diani bila kupita Likoni. Muuza mihogo, anayehitaji kufika sokoni kisiwani kabla jua halijawaka, bado ni mteja wa feri.

Kinachonitia wasiwasi ni ardhi. Familia nyingi za Kidigo zinaishi kwenye shamba la ukoo bila hati, na ploti kando ya barabara mpya zina wanunuzi tayari. Kibundani na Kombani bado pana nafasi ya shule, ya zahanati, ya stendi ya matatu na ya mitaro ya majitaka. Kaunti za Kwale na Mombasa zinapaswa kukaa pamoja na kuipima nafasi hiyo sasa, hati za wenyeji zikitolewa kwanza, kabla mawe ya mipaka ya watu binafsi hayajaimaliza.