Kustaafu Huku Kesi Ikiendelea

Baba mmoja mtaani kwetu ametimiza miaka 60 huku kesi ya ufisadi ikimkabili. Mkewe alitujia msikitini akiuliza: je, kiinua mgongo ndiyo basi?

Sheria ya Kenya ya kupambana na ufisadi, ya mwaka 2003, humsimamisha kazi mtumishi wa umma kwa nusu mshahara tangu siku aliposhtakiwa. Akiachiwa huru, kusimamishwa huko hukoma. Lakini kesi haisimamishi umri, na hapo ndipo shaka huanza. Sheria ya Pensheni yasema waziwazi kwamba mtumishi hana haki kamili ya kulipwa pensheni. Katiba ya 2010 nayo, kifungu cha 50, yamhesabu mshtakiwa kuwa hana hatia hadi ithibitike vinginevyo. Sisi twaona neno zito ni la Katiba.

Tulimshauri mama huyo kwamba mumewe aombe malipo kwa barua, na yakizuiwa, adai sababu kwa maandishi. Kifungu cha 47 champa haki hiyo. Wengi, kwa bahati mbaya, huridhika na jibu la dirishani.

Barua imepelekwa Jumatatu, nakala wanayo nyumbani.