Kitabu cha wanyama wa uongo kilichozaa filme tatu, na mnyama wa Congo ndani yake

Katika kitabu cha kwanza cha Harry Potter, kilichotoka Uingereza mwaka 1997, kuna liste ya vitabu ambavyo mtoto anapaswa kununua mbele ya kuingia shule ya uchawi. Kimoja kinaitwa « Fantastic Beasts and Where to Find Them », yaani wanyama wa ajabu na mahali pa kuwapata. Wakati ule kilikuwa jina tu, na mwandikaji wake Newt Scamander alikuwa jina tu vilevile.

Mwaka 2001, J.K. Rowling akakiandika kweli, ili kuchangia Comic Relief, shirika la Uingereza linalosaidia maskini. Ni kitabu chembamba kisichokuwa na hadithi: kinapanga wanyama kwa alfabeti, sawa kamusi. Msomaji wa kwetu atashituka akifika kwenye herufi T. Pale kuna Tebo, ngiri wa rangi ya majivu mwenye uwezo wa kutoonekana, na kitabu kinasema anaishi « Congo na Zaire ». Inchi yetu ilikuwa imekwisha kuacha jina la Zaire tangu miaka 4! Kuna pia Nundu, chui mkubwa wa Afrika Mashariki ambaye pumzi yake inaleta magonjwa. Wenye kukulia kwenye hadithi za Kiswahili watamkumbuka nunda, mla watu.

Filme za Harry Potter ziliisha mwaka 2011. Miaka miwili kisha, studio ya Warner Bros. ikatangaza kwamba itarudi kwenye kile kitabu, na Rowling mwenyewe ataandika senario, mara yake ya kwanza. Lakini utachezesha namna gani kamusi? Akamchukua mwandikaji wa kubuni na kumfanya mtu: Newt anafika New York mwaka 1926, valizi yake imejaa wanyama. Filme ilitoka 2016, Eddie Redmayne akiwa Newt. Iliingiza zaidi ya dola milioni 800 na kupata Oscar ya mavazi, wakati filme 8 za Harry Potter hazikupata Oscar hata moja.

Shida ilianzia pale. Filme 5 ziliahidiwa, na mtunza wanyama peke yake hangeweza kuzibeba zote. Ndipo ugomvi wa Dumbledore na Grindelwald ukaletwa mbele, na Newt akawa kama mgeni katika nyumba yake. Filme ya 2018 iliingiza karibu dola milioni 650, ile ya 2022 kiasi cha milioni 400. Katikati, Johnny Depp aliyecheza Grindelwald aliondoka, Mads Mikkelsen akachukua nafasi yake. Ya nne na ya tano hazijatengenezwa.

Kwa maoni yangu, dakika nzuri kupita zote ziko katika filme ya kwanza: Newt anashuka ndani ya valizi yake na ndoo ya chakula, anapita kwa kila mnyama, akiwaita kwa majina.