Ulimwengu wa Moto Upo Kweli

Katika filamu ya Star Wars ya George Lucas iliyotoka mwaka 2005, pambano kuu la mwisho linapiganwa Mustafar, ulimwengu wa kubuni ambao mito yake ni ya lava. Waliobuni kisa hicho hawakuishia kwenye moto tu, waliupa na chanzo. Mustafar imenaswa kati ya sayari mbili kubwa za gesi, Jestefad na Lefrani, kila moja ikiivutia upande wake, na mvuto huo ndio unaoyeyusha mawe yaliyo ndani. Baadhi ya picha za moto zilipigwa kwenye volkano ya kweli, Etna, huko Sicilia nchini Italia.

Kwa mkazi wa Goma, mji ulio karibu na volkano ya Nyiragongo, mto wa lava si jambo la sinema. Kinachohitaji maelezo ni hicho chanzo. Je, mvuto peke yake unaweza kuyeyusha mwamba?

Unaweza. Ushahidi ni Io, mmoja wa miezi minne ya sayari ya Mshtarii ambayo Galileo Galilei aliiona kwa darubini yake Januari 1610. Kipenyo chake ni kama kilomita 3,640, mkubwa kidogo kuliko mwezi wetu. Uko kilomita 422,000 kutoka Mshtarii, umbali usiotofautiana sana na ule wa mwezi wetu na Dunia. Lakini uzito wa Mshtarii ni zaidi ya mara 300 ya ule wa Dunia, na hapo ndipo mambo yanapobadilika.

Wakazi wa pwani wanajua bahari inavyojaa na kupwa kwa mvuto wa mwezi. Kule Io, kinachojaa na kupwa ni mwamba wenyewe. Kama Io ungezunguka kwa duara kamili, mwamba ungevimba mara moja ukabaki hivyo. Miezi jirani haiuachi utulie: Europa ikizunguka mara moja, Io huzunguka mara mbili, Ganymede ikizunguka mara moja, Io huzunguka mara nne. Mikutano hiyo ya kila mara huivuta njia ya Io ikawa na umbo la yai, hivyo mwezi huo husogea karibu na Mshtarii, kisha ukarudi mbali, kila baada ya saa 42 na nusu. Ardhi yake huinuka na kushuka hata kufikia kiasi cha mita 100. Chukua kipande cha waya, ukikunje na kukikunjua haraka mahali pamoja, kisha ukiguse: kitakuwa na joto. Io hukunjwa namna hiyo bila kupumzika.

Wanasayansi watatu wa Marekani, Peale, Cassen na Reynolds, walipiga hesabu hizo na kutangaza Machi 2, 1979 kwamba ndani ya Io lazima mawe yameyeyuka. Siku tatu baadaye chombo cha Voyager 1 kilipita karibu na mwezi huo. Machi 9, mhandisi Linda Morabito alikuwa akikagua picha iliyopigwa kwa ajili ya kukiongoza chombo njiani, akaona wingu hafifu limechomoza ukingoni mwa Io. Lilikuwa limerushwa na volkano, likapanda karibu kilomita 300. Haikuwahi kuonekana volkano hai nje ya Dunia kabla ya siku hiyo. Leo zinajulikana zaidi ya 400 pale.

Iliyo kubwa kuliko zote inaitwa Loki Patera. Upana wake ni kama kilomita 200, mara mbili ya umbali wa Goma na Bukavu kwa mstari ulionyooka. Wanaoichunguza wanaamini kuwa ni ziwa la lava, na tabia yake haiko mbali na ile ambayo watu wameiona kwa macho wakisimama ukingoni mwa kreta ya Nyiragongo. Juu ya lava hutanda gamba jeusi lililopasuka, nyufa zake zikiwaka. Gamba likipoa huwa zito, huzama, na lava mpya huchukua nafasi yake. Machi 2015, Europa ilipopita mbele ya Io, darubini ya Large Binocular Telescope huko Arizona iliwezesha kupima joto la Loki sehemu kwa sehemu. Ilionekana kuwa gamba lilikuwa limezama kwa zamu, kuanzia magharibi, kuzunguka kisiwa kilicho katikati.

Moto wa Nyiragongo una asili nyingine. Hapa kwetu Bonde la Ufa linatanuka, miamba yenye joto inapanda kutoka chini, mgandamizo unapungua, nayo inayeyuka. Lava yake ina silika kidogo mno, kwa hiyo ni nyepesi na hukimbia. Januari 10, 1977 ubavu wa mlima ulipasuka, na ziwa lote likamwagika kwa muda usiofika saa moja. Januari 17, 2002 lava ilipita katikati ya mji mpaka Ziwa Kivu, ikaharibu kama asilimia 13 ya Goma. Mei 22, 2021 ilishuka tena, ikasimama karibu na uwanja wa ndege.

Loki Patera, hata Mshtarii ikitukaribia, iko karibu kilomita milioni 600 kutoka hapa, na hakuna anayeishi kando yake. Bado kuna watu wanaoipima usiku baada ya usiku. Nyiragongo iko kilomita 20 tu kutoka mji wenye zaidi ya watu milioni moja, lakini katika miezi iliyotangulia mlipuko wa 2021, kituo cha uchunguzi wa volkano cha Goma, OVG, kilikosa fedha hata za intaneti ya kupokea data za mitetemeko. Hilo lisijirudie. Serikali na wafadhili wahakikishe mitambo ya OVG haizimiki hata siku moja, na walimu wa Goma wawafundishe watoto volkano yao kama wanavyowafundisha hesabu. Mzazi ambaye mwanawe anapenda filamu za anga, amwambie kwamba kazi ya kuchunguza moto kama ule ipo, na ipo hapa hapa mjini.